Hesabu ya Chini ya Daraja

Kwa miaka ishirini na mbili mtafiti yule aliitwa Mzee Daraja, hata alipokuwa bado hana mvi. Jina hakuliokota njiani. Alikuwa kijana mwembamba, mwenye shahada mpya ya afya ya jamii na suruali moja ya heshima, alipokaa kando ya barabara kuu majuma sita, jua lake na mvua yake, akihesabu kwa kidude cha kubonyeza wanaovuka na wanaogongwa. Alihesabu mpaka akilala dole gumba likawa linaendelea kubonyeza godoro. Kisha akaandika kwamba pajengwe daraja la waenda kwa miguu. Likajengwa. Ndani ya miaka miwili waliogongwa wakashuka kutoka thelathini na mmoja kwa mwaka hadi tisa, na makala yake ikasomwa mpaka na watu wasiosoma chochote. Toka hapo ikawa semina hii, mkutano ule, leo anapanda ndege, kesho anapanda cheo.

Sasa, miezi minne kabla ya kustaafu, kamati ya barabara ilimwandikia. Wanataka kujenga madaraja mengine matatu ya aina ile ile. Wanachohitaji ni ripoti fupi na sahihi yake. Moja litapewa jina lake. Nani asiyependa kuachwa duniani akiwa wa zege?

Lakini mzee alikuwa na ukaidi wake mmoja: hatii sahihi chini ya namba asiyoihesabu. Akatoa kidude chake cha kuhesabia kwenye droo, akakipuliza vumbi, akaenda.

Palepale mguuni pa daraja alikuwapo dada yake mkubwa, fundi cherehani, ambaye meza yake ilikuwa hapo kabla hata barabara haijajua inaelekea wapi.

"Umekuja kumsalimia mwanao?" dada aliuliza, akilionyesha daraja kwa mkasi.

"Nimekuja kumhesabia watu."

"Basi chukua na mto, mdogo wangu. Utasinzia."

Alianza saa moja asubuhi. Hadi saa nne, juu ya daraja walikuwa wamepita wanafunzi wawili wakifukuzana, mpiga picha mmoja, na mbuzi saba. Mbuzi mmoja alisimama katikati akayatazama malori muda mrefu, kama mkaguzi aliyetumwa kutoka makao makuu. Chini walipita watu mia nne na kumi na wanane: akina mama wenye watoto mgongoni, mwanamume aliyejitwika godoro, mzee mwenye mkongojo ambaye lori lilimpulizia honi naye akalipungia kama ndugu.

"Kwa nini hawapandi?" mtafiti aliuliza.

"Ngazi sitini na nne kupanda, sitini na nne kushuka. Magoti yangu mimi yalistaafu kabla yako."

Kalamu ikaisha wino. Duka lilikuwa ng'ambo. Mzee akaenda, akanunua nyingine, akarudi, akaketi.

"Bonyeza," dada alisema bila kuinua macho.

"Nibonyeze nini?"

"Umepita chini mara mbili. Au wewe huhesabiki?"

Mtafiti alivitazama viatu vyake, vimejaa vumbi la barabarani. Akabonyeza mara mbili. Kisha akasema, nusu akijisemea mwenyewe, "Kama watu hawapiti juu, miaka ile miwili waligongwa wachache kwa nini?"

Dada akatoa pini mdomoni ili acheke vizuri.

"Umesahau mashimo? Barabara hii ilioza mwaka ule ule daraja lilipomalizika. Shimo moja lilimeza pikipiki asubuhi, jioni likatema kofia. Malori yalitambaa. Dereva mmoja alinirushia suruali akiwa pale, nikampindia miguu yote miwili, nikamrudishia kabla hajaifikia nguzo ile. Ungegongwaje? Ungelazimika kumngoja dereva afike."

"Na lami mpya waliweka lini?"

"Mwaka niliomzaa kitinda mimba wangu. Ana miaka ishirini."

Mtafiti aliacha kucheka kabla ya dada. Makala yake ilikuwa imeishia mwaka wa pili. Lami ilikuja baada ya hapo, na hesabu yake haikuifuata.

Kesho yake alikwenda hospitali, akaomba madaftari ya majeruhi. Alisoma mpaka macho yakamwasha. Mwaka wa tatu, ishirini na wanane. Wa nne, thelathini na wanne. Tangu lami mpya, jumla mia sita na kumi na mmoja waligongwa chini ya kivuli cha daraja lake, karibu theluthi yao wakazikwa. Namba zote zilikuwepo, kwa wino wa bluu, zikimngoja. Yeye alikuwa safarini, akihutubia kuhusu daraja.

"Utawaambia?" dada alimuuliza jioni ile.

"Nikiwaambia, mimi ni mtu aliyekosea miaka ishirini na mbili."

"Usipowaambia, utakosea tena mara tatu, na hapo utakuwa unajua."

Dada akarudi kwenye cherehani. Alikuwa na gauni la watu la kumaliza.

Siku ya kikao, mwenyekiti wa kamati, mhandisi mnene mcheshi aliyesoma naye, alikuwa amekwisha kutandaza ramani tatu mezani.

"Mzee Daraja, tupe baraka tukanywe chai."

"Sina baraka," alisema mtafiti. "Daraja langu halikuokoa watu. Yaliyowaokoa ni mashimo."

Wajumbe wakacheka, wakidhani ni utangulizi. Alipowasomea madaftari, mmoja mmoja wakaacha.

"Kwa hiyo unapendekeza tuchimbe mashimo?" mwenyekiti aliuliza.

"Tuyapindue. Tuweke matuta, na kivuko kilichoinuliwa, watu wapite chini wanakopita siku zote. Mwenye injini ndiye ateseke kidogo, si mwenye magoti."

"Na makala yako?"

"Nimekwisha kuwaandikia walioichapa. Nimewaambia nilikosea wapi."

Mwenyekiti alimtazama kama anayemtazama mtu akiivunja nyumba yake ili atoe panya. Kisha akazikunja ramani, polepole, mojamoja. Walibishana mpaka chai ikapoa. Mwisho wakakubaliana: madaraja yasubiri, matuta yawekwe pale penye daraja la zamani, yapimwe mwaka mzima.

"Lakini wewe unastaafu," mwenyekiti alisema. "Nani atahesabu? Wewe ndiye mwenye uzoefu. Tukuongezee mwaka."

Mtafiti alifikiri. Kiti kile kando ya barabara alikitamani, hilo hakuweza kulikataa.

"Hapana," alisema. "Mimi nimeshaanza kuyapenda matuta. Tafuteni mtu asiyejali jibu litakuwa lipi, na asiondoke likishampendeza, kama nilivyoondoka mimi. Mimi nitamwonyesha pa kukaa."