Kadi Shingoni mwa Kunigunda

Viatu vilikuwa vya mkwewe Edina, na vilimbana tangu aliposhuka kwenye fuso la mizigo pale stendi ya Mbinga. Kunigunda alikaa mstari wa mbele ukumbini, kwenye kiti kilichovalishwa kitambaa cheupe, hajatia kitu tumboni tangu jana mchana. Mezani alikuwa amewekewa chupa ya maji na hakujua kama anaruhusiwa kuifungua. Shingoni walimvika kadi yenye kamba ya bluu. Shule aliishia darasa la nne, lakini herufi kubwa hazimshindi. KUNIGUNDA. Na chini yake: MHAMIAJI, KINGERIKITI.

Alikuwa amemwuliza dada wa mapokezi kama neno hilo la chini linaweza kubadilishwa.

"Hilo ni kundi tu, mama. Usijali," alijibu yule dada, akamwonyesha pa kukaa.

Kumbe neno hilo ndilo lililomtoa shambani likamleta kwenye mkutano huu wa watafiti. Miaka miwili iliyopita kijana wa utafiti aitwaye Glorious alimfuata na kishikwambi mkononi, akamkuta kwenye ngoro zake, yale mashimo ya mlimani ambayo wanaume hufyeka na kulaza nyasi, kisha wanawake huchimba na kuzifukia. Akamwuliza kwao ni wapi. Swali hilo Wamatengo, watu wa kabila lake, hawalijibu ovyo. Ukiulizwa kwenu, unataja walikolala wazee wako. Ukitaja kwingine, umewakana. Wazee wa Kunigunda wamelala Mkumbi. Hata mumewe Joakim, alipofariki, walimpakia garini wakampandisha Mkumbi akalale na baba zake. Basi akajibu kwa adabu zote: kwetu Mkumbi. Glorious akagusa kioo mara moja, akaenda kwa jirani. Hakuuliza mama huyu ameulima mlima ule miaka mingapi. Angejibiwa thelathini na sita.

Mwaka huu kijiji kinapimwa. Wenyeji watapewa hati za kimila. Wahamiaji watapangiwa utaratibu, na utaratibu huo kila mtu anaujua: ardhi yako inakwenda kwa mwingine, nawe unarudi kwenu. Mkumbi hakuna pa kurudi. Ntambo ya ukoo, ule mlima mmoja kati ya vijito viwili, iligawanywa ikaisha tangu Joakim hajaota mvi, ndiyo maana walishuka huku. Na orodha ya kijiji ilichukuliwa kwenye utafiti wa akina Glorious, kwa kuwa hapakuwa na nyingine. Mwisho wa marekebisho ulikuwa Ijumaa. Leo ni Jumatano.

Dakta Careen, mkuu wa utafiti, alisimama. Alikuwa mwanamke mpole, mwenye sauti ya mtu anayeamini anachosema.

"Mkoloni ndiye aliyetufundisha kwamba mtu ana mahali pamoja tu, na akitoka hapo ni mhamiaji," alisema. "Babu zetu walilima huku na kule, na hakuna aliyewaita hivyo. Elimu yetu ya uhamaji na maendeleo lazima ianze upya, kwa kuwasikiliza wenyewe. Karibu, mama."

Kunigunda aliyaelewa yote. Alifurahi, na baadaye aliionea aibu furaha ile.

"Shikamooni wakubwa. Mimi sikuhama," alisema. "Sisi nyumba yetu ni moja, ina milango miwili. Mmoja uko Mkumbi, mmoja uko Kingerikiti. Mtu akitokea mlango wa pili hajahama nyumba."

Ukumbi ulipiga makofi. Wageni wawili waliokuwa wakitafsiriwa maneno walifuta miwani. Dakta Careen aliyaandika maneno yale kwenye daftari lake, akayapigia mstari.

"Basi naomba," Kunigunda aliendelea makofi yalipotulia, "lile neno mlifute kwenye orodha. Ijumaa ni keshokutwa."

Dakta Careen alimshika mkono kwa mikono yake miwili.

"Mama, umesema kitu kikubwa sana. Lakini takwimu za awamu ya kwanza zimeshafungwa, hatuwezi kuzigusa. Tutalijadili kwenye sura ya nne ya ripoti."

"Sura hiyo itatoka lini, mwanangu?"

"Mwakani, tukijaliwa."

Walimpiga picha. Walimpa wali na nyama, akala nusu, nusu akaifunga kwenye mfuko wa plastiki ampelekee Edina. Kadi hawakuichukua, naye hakuirudisha.

Ijumaa asubuhi alikuwa mbele ya meza ya Sixbert, mtendaji wa kijiji, kijana aliyepangiwa huku kutoka mkoa wa mbali, asiyemchukia mtu.

"Shikamoo mama."

"Marahaba. Nimekuja kwa lile jina langu. Nilikwenda Mbinga, wenye utafiti wenyewe wamesema si sawa kutuita hivyo. Watu wote walisikia."

"Una karatasi yoyote kutoka kwao?"

Hakuwa na karatasi. Alifungua fundo la khanga, akatoa kadi na kamba yake ya bluu, akaiweka mezani. Sixbert aliigeuza, akaitazama nembo ya mradi, akaisoma.

"Kusema wamesema, mama. Ila hapa wameandika." Alisogeza fomu. "Hata marehemu mzee, si mlimrudisha kwao?"

"Tulimrudisha."

"Ndiyo hivyo."

Alinakili kutoka kwenye kadi, neno kwa neno, akagonga muhuri. Kunigunda alionyeshwa pa kusaini. Aliandika jina lake kwa herufi kubwa.

"Maharage mtavuna," Sixbert alisema akimrudishia kadi. "Mahindi ya Desemba msipande."

Alipanda mlima bila viatu. Nyasi alizofyekewa na mwanawe wiki iliyopita zilikuwa zimelala miraba miraba, zimeanza kukauka juu. Mashimo yaliyobaki yalikuwa kumi na moja. Maharage hayana haja sana na nyasi hizo. Zinaoza taratibu chini ya udongo, na zikishaoza zinalisha mahindi ya msimu unaofuata.

Alitundika kadi kwenye tawi la mti wa kahawa ili isimsumbue kifuani, akashika jembe, akaanza kufukia.