Kesi ya Watu Kumi na Mmoja

Jovina alikuwa amefaulu mtihani wa ualimu, na orodha ya kwanza iliyobandikwa Muyinga ilikuwa na jina lake, namba tisa. Wiki moja baadaye ikabandikwa nyingine. Watu kumi na mmoja walikuwa wameondolewa, na wote walikuwa wamesomea katika kambi ya wakimbizi Tanzania, wakarejea kwao baada ya amani.

Siku hiyo hiyo akaanza kuandika malalamiko yake. Aliyemzuia ni Kastori, mwenyekiti wa chama cha waliorejea. Walikuwa wamekaa dawati moja kambini, na yeye pia jina lake lilikuwa limekatwa.

"Dada, ukienda peke yako watakupuuza," alimwambia. "Chama kitashtaki kwa niaba yetu sote. Hili ni jambo la umma. Niachie mimi."

Jovina akamwachia. Miezi ikapita, na kila wenzake walipoingiwa na wasiwasi, yeye ndiye aliyewatuliza. Siku ya kesi alisafiri kutoka Muyinga mpaka Gitega, akaketi benchi la mbele.

Jaji hakuchukua muda mrefu. Alisema ugomvi wa ajira ya serikali ni wa yule aliyenyimwa kazi. Chama hakiwezi kuubeba kwa jina la masilahi ya umma, hata kikiwa na nia njema. Kesi ikatupwa.

Jovina akasimama. "Mheshimiwa, mimi ndiye niliyenyimwa. Nipo hapa."

Karani akapekua faili. "Jina yako haiko humu, mama. Na muda ya kushtaki iliisha zamani. Ilikuwa miezi mbili tu."

Kabla hajaketi, ikaitwa kesi iliyofuata. Ilikuwa ya Kastori, kwa jina lake mwenyewe, na ilikuwa imefunguliwa ndani ya muda. Kastori akampita macho yakiwa chini, wakili ubavuni. Mchana haujafika, jaji akaamuru arudishiwe kazi yake.

Jovina akamngoja langoni.

"Ulijua," alisema.

"Wakili aliniambia huenda chama kisisikilizwe."

"Lini?"

"Kabla ya ile miezi miwili kuisha. Nina watoto wanne, Jovina. Niliogopa tukienda wote, kila mtu na kesi yake, wangetunyima sote."

"Ungeniambia tu. Kuamua ningeamua mwenyewe."

Kastori akanyoosha mkono amshike bega. Jovina akarudi nyuma hatua moja, kisha akaondoka.

Kazi ngumu kuliko zote ilikuwa kuwaeleza wale tisa. Aliwakusanya nyumbani kwake Muyinga, akawasimulia yote bila kuficha. Mwishowe Paskazia, aliyekuwa rafiki yake wa karibu, akasema kwa sauti ya chini, "Na wewe hukujua? Ninyi wawili mmekuwa kitu kimoja tangu kambini. Wewe ndiye uliyekuwa ukituambia tutulie."

Hilo la mwisho lilikuwa kweli.

Mwaka uliofuata alirudia mtihani, akafaulu, safari hii jina lake halikukatwa, akapangiwa shule huko Gishubi. Akafunga mizigo yake na kupita kwa Paskazia kumuaga. Mlango ulikuwa wazi, na ndani sauti ya redio ilisikika. Akabisha hodi mara tatu. Mtu akapunguza redio, lakini hakuna aliyetoka.