Kabureta ya Nyuma

Mzee Momose alifariki mwezi wa tatu, theluji ikiwa bado imekalia paa la gereji yangu, na gari lake likiwa ndani limepandishwa juu ya stendi nne bila magurudumu. Alikuwa ameniletea kwa ajili ya ukaguzi wa serikali, ule wa kila miaka miwili. Nilipokea simu ya msiba nikiwa na kibati cha breki mkononi. Nikakiweka chini, nikaenda kubadilisha nguo, nikarudi siku ya pili kukimalizia. Sikujua kitu kingine cha kufanya.

Mimi ni Nogami Kinuyo, fundi magari wa Omachi, mji mdogo wa milimani, umri wangu miaka sitini na mmoja, sijaolewa. Gereji niliachiwa na baba pamoja na hasira zake. Gari la Mzee Momose ni Bluebird SSS ya mwaka 1971, milango minne, kijani iliyokoza. Ukiliona limeegeshwa utadhani ni la karani wa benki. Ukilikanyaga mafuta kwenye mlima utajua kwamba karani hahusiki. Alilinunua jipya akiwa kijana, na mimi nimelitunza miaka thelathini na moja: nimelibadilishia klachi mara tatu, nimeifungua injini mara moja, nimelipaka dawa ya kutu chini kila vuli kwa sababu ya chumvi wanayomwaga barabarani wakati wa theluji. Nasema wazi, nililitaka lile gari tangu siku ya kwanza nilipolisikia. Nikalitaka miaka yote hiyo na sikumwambia mtu.

Lina kabureta mbili, na hapo ndipo penye kazi yake. Kila moja inakunywa hewa kwa mdomo wake, na zote mbili lazima zinywe sawasawa. Kuna vipimo vya kisasa vya kufanyia hivyo, ninavyo kabatini. Lakini mimi hutumia kipande cha mpira, ncha moja sikioni, nyingine kwenye mdomo wa kabureta. Unasikiliza mvumo wa ile ya mbele, unahamia ya nyuma, unagusa skurubu, unarudi tena. Mvumo ukiwa mmoja, silensa, yaani mngurumo wa injini gari likiwa limesimama, inatulia, na unaweza kuweka kikombe cha chai juu ya kifuniko cha injini kisimwagike. Mzee Momose alikuwa akisimama pembeni na chai yake mpaka nimalize. Hakuwa mtu wa maneno mengi, na mimi pia si kasuku, tukaelewana hivyo.

Siku arobaini na tisa za msiba zilipokwisha, binti yake Chigusa alikuja gereji kutoka Nagoya, na boksi la keki za mchele. Namjua tangu ana miaka kumi na mitatu, mama yake akiwa amefariki karibuni, akija na baba yake amekunja uso kwa sababu gari linanuka petroli. Sasa ana mvi mbili tatu.

"Fundi, gari la baba limekukalia mahali pako pa kazi. Tumekusumbua sana."

"Halijanisumbua. Nafasi ipo."

"Mimi Nagoya sina hata pa kuegesha baiskeli," akasema. Akaligusa boneti kwa ncha za vidole. "Nilikuwa nafikiria, labda wewe lingekufaa?"

Moyo uliniruka. Nikasema, "Mimi? Gari la thamani namna hii? Mikono yangu imezoea magari ya kubebea mboga."

"Lakini hakuna anayelijua kama wewe. Ningefurahi ukilichukua."

"Aa, hapana, mwanangu. Litakuwa limenizidi."

Sasa, yeyote wa kwetu anajua nilichokuwa nafanya. Kitu kizito hakipokelewi kwa mara ya kwanza. Unakataa. Unabembelezwa, unakataa tena, safari hii kwa sauti ya chini. Mara ya tatu unainama, unasema basi ikiwa ni lazima, na unapokea kwa mikono miwili. Mama yangu alipokea hata jozi ya kabichi kwa utaratibu huo. Kwa hiyo nilikuwa nimesimama pale nimeinamisha kichwa kidogo, tayari kabisa, nangoja ya tatu.

Chigusa akanitazama. Akafungua mdomo, akaufunga. Kisha akasema, "Sawa, Fundi. Nisikulazimishe," akainama kwa heshima na kuondoka.

Nilikula zile keki zote peke yangu, nikiwa nimesimama, na hasira imenijaa. Ningeweza kumkimbilia. Kituo cha treni ni dakika nane kwa miguu. Badala yake nilisema moyoni kwamba atapiga simu wiki ijayo, na ndiyo itakuwa ya tatu. Alipiga kweli wiki iliyofuata, kunijulisha kwamba amepata mnunuzi, Bwana Sawatari wa Itoigawa, kule pwani, mtengeneza meno ya bandia. Wamekwisha kutia saini, na je, ningeweza kuliandaa gari mpaka Jumamosi ya pili ya mwezi wa sita?

"Bila shaka," nikasema. Mjinga mkubwa mimi.

Niliandaa. Ijumaa jioni gari lilikuwa linapumua kama mtoto aliyelala. Jumamosi asubuhi, saa moja kabla ya wageni kufika, nilichukua spana ndogo nikaenda kwenye kabureta ya nyuma. Chini yake kuna nati ya pande sita inayopima mafuta. Ukiizungusha upande mmoja tu, injini inakujibu. Mimi niliizungusha pande nne, nikainyima mafuta. Nilifanya hivyo nikiwa na akili zangu timamu. Hesabu yangu ilikuwa nyepesi: litakohoa mlimani, mnunuzi ataogopa na kuomba muda wa kufikiri, na Chigusa ataniuliza kwa mara ya tatu.

Bwana Sawatari alikuwa mtu wa miaka kama arobaini, mwembamba, amevaa shati lililopigwa pasi mpaka kwenye mikunjo ya kiwiko. Alilizunguka gari mara mbili bila kuligusa. Kisha akaniomba ruhusa, mimi, ya kufungua mlango. Akaingia akaendesha, mimi nikakaa pembeni yake, Chigusa nyuma. Tukachukua barabara ya kaskazini kando ya maziwa. Mashamba yalikuwa yamekwisha kupandwa mpunga na maji yamejaa. Kwenye tambarare gari lilijikaza. Tulipoanza kupanda mwinuko baada ya Ziwa Kizaki, likaanza kumisi. Likakohoa, likapiga chafya kupitia kabureta, likashtuka mbele na nyuma, likakohoa tena.

Nikamtazama Sawatari kwa pembe ya jicho. Alikuwa anatabasamu.

"Huyu mzee ana kikohozi," akasema.

"Naona," nikasema.

"Si kitu. Bibi yangu alikohoa miaka ishirini, na wote waliomcheka aliwazika yeye." Akabadilisha gia kwa upole mno, kama anayeshika jino la mtu. "Magari ya umri huu ndivyo yalivyo, nimesoma. Nitamzoea na yeye atanizoea."

"Baba alikuwa akiendesha hapa hatuyasikii haya," Chigusa akasema kutoka nyuma, taratibu.

"Labda alikuwa amemzoea," Sawatari akasema.

Likapiga chafya nyingine, kubwa, na yeye akacheka kwa furaha kabisa. Nikaona litakavyokuwa. Hataogopa. Atalichukua hivi hivi, atalipenda hivi hivi, atapanda milima nalo likikohoa mpaka joto litoboe pistoni ya nne, na siku hiyo atajilaumu yeye mwenyewe. Miaka thelathini na moja ya kazi yangu itaishia mikononi mwa mtu mwema asiyejua kwamba gari lile lilikuwa likiimba. Nilijisikia vibaya kuliko siku ya maziko.

"Simama," nikasema.

"Hapa?"

"Hapo mbele, kando ya ziwa. Usizime injini."

Akasimama pale Ziwa Aoki, kwenye nafasi ya kuegesha. Spana nilikuwa nayo mfukoni, na mpira pia. Fundi aliyefanya uovu hatembei mikono mitupu. Nikafungua boneti, nikatoa kifuniko cha chujio la hewa, nikairudisha nati pande nne. Kisha nikaweka mpira sikioni. Mbele, nyuma, mbele tena. Wote wawili walikuja wakasimama karibu yangu. Silensa ikashuka, ikatulia, ikawa sauti moja. Sawatari akainamisha kichwa kusikiliza, na nikaona uso wake ukibadilika.

"Hivi ndivyo lilivyo," nikamwambia. "Kikohozi nilikitia mimi leo asubuhi, makusudi."

"Makusudi?" akasema Chigusa. "Kwa nini, Fundi?"

"Kwa sababu nalitaka."

Ilikuwa mara ya kwanza kulisema kwa sauti, na lilitoka kavu kama mtu anayeagiza vipuri. Chigusa alinikodolea macho.

"Nilikuuliza. Nilikuuliza mara mbili."

"Ya tatu je?"

"Ya tatu?" Akajishika shavu. "Nilitaka. Ilikuwa mdomoni. Lakini baba alinikataza."

"Alikukataza kunipa gari?"

"Hapana. Hospitali, wiki ya mwisho. Alisema, mwulize Fundi kwanza kabla ya mtu yeyote. Lakini akikataa mara mbili, usimsumbue tena, hapana yake ni hapana kweli. Alisema aliwahi kukuuliza mara mbili yeye mwenyewe, akajifunza." Akanitazama. "Nilidhani ni mambo ya gari. Alikuuliza nini?"

Nilikunja ule mpira, nikaukunjua. Nilikumbuka mara moja, wala sikuhitaji kutafuta. Ni vuli ya miaka kumi na minne iliyopita, baada ya klachi ya tatu. Alikuwa amesimama na chai yake, akasema, Fundi, Jumapili nataka kulinyoosha gari mpaka baharini, njoo uisikilize injini njia nzima. Nikasema nitakuwa mzigo. Akasema si mzigo hata kidogo. Nikasema nina kazi nyingi. Nikainama kidogo, nikangoja. Akashukuru kwa klachi, akachukua ufunguo, akaenda zake. Aliendelea kuja miaka kumi na minne, kumwaga oili, kukagua breki, kusikiliza kabureta, na hakuniomba tena jambo lolote. Mimi nilidhani ameuliza kwa adabu tu, na kwamba amepumua nilipokataa.

"Aliniuliza kama nitakwenda naye baharini," nikasema.

"Na ulitaka?"

"Nilinunua viatu vya safari kesho yake."

Chigusa akaja akasimama bega kwa bega nami, tukawa tunatazama injini wote wawili, kwa sababu kutazamana kusingewezekana. Nililia kidogo. Sioni sababu ya kuficha. Injini ilikuwa inazunguka vizuri na hakuna aliyekuwa na haraka.

Baada ya muda Bwana Sawatari akakohoa, kikohozi chake mwenyewe, akasogea hatua moja.

"Mama Fundi," akasema, "mimi pia nalitaka. Nimelitaka tangu niko shule ya msingi. Naomba radhi." Akainama, akabaki ameinama muda mrefu.

"Simama wima. Umetia saini na ni lako," nikamwambia. "Aliyekosa ni mimi. Ningekuwa wewe ningekasirika."

"Nimekasirika," akasema kwa upole, akiwa bado ameinama. "Lakini kidogo."

Hapo Chigusa akacheka, na mimi nikajipangusa pua kwa kitambaa chenye grisi. Nikafunga kifuniko cha chujio, nikabana boneti, nikaanza kumweleza Sawatari mambo ya kuangalia: oili, pointi za cheche, kutu ya chini ya zulia upande wa dereva. Alikuwa na kidaftari, akaandika kila kitu. Kisha akakirudisha mfukoni, akatazama barabara ya kaskazini, akanitazama mimi.

"Kuanzia hapa mpaka Itoigawa ni kama saa moja na nusu," akasema. "Barabara yenye mahandaki ya kukinga theluji ina kona nyingi, na mimi leo nimejua kwamba sijui kulisikiliza. Treni ya kurudia ipo jioni. Je, ungependa kuliendesha wewe mpaka baharini?"

"Ndiyo," nikasema.

Alikuwa amekwisha kuvuta pumzi ya kunibembeleza mara ya pili, na ikabidi aimeze. Chigusa aliingia kwenye kiti cha nyuma, na mimi nikashuka ziwani kunawa mikono.