Dua ya Lulu

Posa ya binti yangu Lulu ilishakubaliwa, mahari tu bado, mara watu wa Mnazi, upande wa bwana harusi, wakaleta salamu: tusubiri kwanza. Tusubiri nini? Hawakusema. Lakini mshenga wao alivyomwangalia Lulu akileta chai, kana kwamba angeanguka na sinia palepale, nikajua wamesikia habari ya kifafa.

Kijiji kizima cha Mgwashi tuliojua ni Lulu, baba yake Rajabu, mimi, na Paskalina, nesi wa zahanati anayempa dawa. Hapo hata mjinga angejua wa kumshika. Tena Paskalina alionekana Mombo akinywa chai na shangazi wa bwana harusi, wanacheka. Lisemwalo lipo.

Nilimfuata zahanati nikiwa nachemka.

"Siri ya mwanangu umeiuza kwa kikombe cha chai?"

Alifunga mlango kwanza. "Mama Lulu, habari za Lulu siongei hata na wewe kama mwenyewe hayupo. Yule ni mtu mzima."

Nikamwona jeuri. Nikamwambia Lulu dawa tutafuata Lushoto mjini. Hakupenda, maana anampenda yule nesi, na hilo lilinikera zaidi.

Siku chache baadaye wifi yangu Mwanamisi alinikuta shambani nachuma maharage.

"Lulu anaendeleaje na kile kifafa, wifi? Tumemsomea Yasini."

"Nani kakwambia?"

"Si baba yake? Aliomba dua kwa sauti kwenye grupu la ukoo la kwenye simu. Akataja jina na ugonjwa, ili dua imfikie sawasawa."

Ndivyo tulivyolelewa: mgonjwa huombewa kwa jina lake na maradhi yake. Ila zamani dua iliishia barazani. Grupu la ukoo lina watu mpaka Mnazi.

Jioni nikamuuliza Rajabu mbele ya Lulu. Hakukana.

"Nimemwombea mwanangu. Kuna ubaya gani?"

Nilikasirika, nikaona na aibu nikikumbuka maneno niliyomtolea Paskalina. Aliyejibu ni Lulu.

"Baba, Mungu alikuwa anajua naumwa nini. Hao wengine ungeniuliza mimi kwanza."

Rajabu akachukua simu aufute ule ujumbe. Lulu akamshika mkono, akaichukua. Chini ya ujumbe wa sauti wa baba yake ukoo mzima ulikuwa umeitikia "Amin", naye akasoma jina moja moja la waliokwisha kujua, mpaka mwisho.