Mawe ya Kwetu

Mama alifariki Jumapili, tukamzika Jumatatu, na Jumanne asubuhi nikawa kwenye foleni ya feri na madumu yangu ya maji, naenda kusafisha nyumba za Wamarekani. Siku moja ya kulia ndiyo niliyopewa. Sikudai ya pili. Nilikuwa nimechoka hata kudai, na kazi ya ng'ambo ukiikosa siku mbili unamkuta mwingine ameshavaa aproni yako.

Tunaishi Ebeye, kisiwa ambacho ukianza kupiga umbea upande huu unaumalizia upande wa pili. Tumebanana humo maelfu kwa maelfu, watoto wanalala kwa zamu, na wafu nao wamebanana ufukweni hivyo hivyo. Ng'ambo yetu ni Kwajalein, kisiwa kikubwa chenye miti, maji ya bomba, uwanja wa gofu na jeshi. Wamarekani wanarusha roketi kutoka kwao, wanazilenga kwenye maji yetu, halafu zikifika wanapongezana. Sisi tunavuka asubuhi kuwafulia na kuwadekia, na jioni tunavuka kurudi, maana hakuna anayetaka kutuona kule jua likishazama. Mama alizaliwa kule.

Alizaliwa wakati wa Wajapani, kwenye kipande cha ardhi cha mama yake, ambaye naye alikirithi kwa mama yake. Kwetu ardhi inapitia kwa wanawake. Wamarekani walipokuja kuwang'oa Wajapani walipiga mabomu mpaka minazi ikaisha, kisha wakagawa chokoleti. Mama alivikumbuka vyote viwili, na alikiri kwamba chokoleti ilikuwa tamu kweli. Baadaye wakawaambia watu wahamie Ebeye kwa muda. Mama alikuwa msichana wa kuanza kuchumbiwa. Akaolewa Ebeye, akanizaa Ebeye, akazeekea Ebeye, na kila mkataba wa kukodisha ardhi ya kule ulipokaribia kwisha wakubwa walitia sahihi mwingine mrefu zaidi.

Nilipokuwa shuleni mwalimu alitufundisha jinsi visiwa vilivyoingia mkononi mwao, Hawaii, Guam, Samoa, Ufilipino, kimoja baada ya kingine. Niliporudi nyumbani nilimweleza mama. Akaniuliza kama kuna mahali popote walipowahi kuingia kisha wakatoka. Nikamwambia mwalimu amesema Ufilipino.

"Basi tusubiri zamu yetu," mama akasema, akaendelea kumtoa samaki miiba.

Wiki yake ya mwisho alianza kutoa amri.

"Kiorina, msiniwekee kokoto za hapa. Zinanuka mafuta ya feri."

"Mama, hata hujafa, umeshaanza kuchagua mawe."

"Nachagua ningali na mdomo. Nataka ya kwetu, ya ufukwe wa kwetu. Na usije ukawaomba wale watu. Sijawahi kuwaomba kitu changu, na wewe usianze kwa ajili yangu. Chukua tu."

Kwetu kaburi halijaisha siku ya maziko. Linaachwa na mchanga wake mbichi, na siku ya sita ukoo mzima unarudi na mawe madogo meupe ya matumbawe, wanayatandaza juu yake na kufagia kandokando. Hapo ndipo marehemu anapumzika, na sisi tulio hai tunaruhusiwa kwenda kulala. Kwa hiyo nilikuwa na mpaka Jumamosi.

Jumatano, saa ya chakula, niliacha ndoo na dekio kwa Bi. Hensley, ninayemsafishia nyumba, nikashuka mpaka nyuma ya uwanja wa gofu. Pale ndipo kwetu. Mahali ambapo bibi yangu alichimba shimo la kuvundikia shelisheli, sasa wazee wawili wenye kofia walikuwa wanatafuta mpira wao kwenye majani. Walinipungia mkono, nikawapungia. Niliteremka ufukweni nikaokota mawe meupe, madogo, laini, nikayajaza kwenye aproni, na sikuona aibu yoyote. Tangu Jumapili ardhi ile ilikuwa ya kwangu, mimi mfagiaji.

Jioni niliyatumbukiza kwenye madumu na kuyafunika kwa maji. Maji tunaruhusiwa kuyatoa, maana ya Ebeye yanatoka yakitaka. Kitu kingine chochote, hata mkate, hakipiti getini bila karatasi ya mwenye mali.

Getini alikuwa Jelton, mtoto wa mjomba wangu. Kampuni ya ulinzi ilimwajiri kwa sababu anatujua sote. Aliinua dumu la kwanza, likalia.

"Maji yako yana meno, dada?"

"Weka chini, Jelton."

"Nini humo?"

"Ya mama," nikamwambia kwa sauti ya chini. "Ya Jumamosi."

Uso wake ukabadilika. Nyuma yake, mlangoni mwa kibanda, bosi wake Mmarekani alikuwa ameacha gazeti na kutukodolea macho.

"Yule ananiangalia," Jelton alisema. "Ungenipa hata ishara. Leta karatasi, dada, nitakupitisha hata na mwamba mzima."

"Karatasi ya nini? Ya kutoa mawe ya mama kwenye ardhi ya mama?"

"Ya mwenyewe kusema kakupa."

"Mwenyewe ni mimi."

"Basi jiandikie," alisema, na hakuwa anacheka.

Aliyageuza madumu juu ya mtaro. Mawe yakatoka na maji yakatoka nayo, na nyumbani siku hiyo hatukuoga. Bosi alikuja akayatazama yale mawe, akaonekana kutoelewa, akatoa amri kwamba kuanzia kesho kila dumu litikiswe. Foleni nzima nyuma yangu ikaguna. Feri ilichelewa kwa ajili yangu.

Ndani ya feri Emlain, anayepika kwenye kantini, alinisogelea akanipa nusu ya andazi lake.

"Wenzako wanaiba nyama, wewe unaiba kokoto."

"Siibi."

"Najua huibi, ndiyo maana umekamatwa. Mimi nina kuku mzima kiunoni na hakuna aliyenigusa."

Nilicheka, Mungu anisamehe, nikiwa na matanga nyumbani. Kisha nikachoka tena, uchovu ule wa kwenye mifupa ambao kulala hakuusaidii.

Nyumbani mama mkubwa Hertina alikuwa amekaa mkekani karibu na mlango. Ndiye dada pekee wa mama aliyebaki. Mwaka mmoja, wenye ardhi walipovuka kwa mashua bila ruhusa kwenda kupiga kambi kwenye visiwa vyao wenyewe, yeye na mama walilala ufukweni wiki nyingi, wakipika wali kwenye sufuria moja mbele ya askari. Waliporudishwa Ebeye walirudi weusi kwa jua na wamefurahi kama mabibi harusi. Miaka yote baadaye walisimulia kambi ile kana kwamba walikuwa wameshinda.

"Mawe yako wapi?"

"Yanakuja, mama mkubwa."

"Yanakuja kwa miguu?" Akanitazama nguo zilizolowa. "Kama umeshindwa sema tu, vijana wakaokote ya hapa. Ila mimi sitakwenda kuyatandaza. Nitakaa hapa hapa nimfagilie mwenzangu mlango."

"Nitayaleta."

"Hukuomba?"

"Sikuomba."

Akaridhika, akaniambia nile.

Alhamisi walitikisa madumu yote, na watu wakanitazama vibaya. Ijumaa ndipo nilipofika mwisho wa akili zangu. Ningeweza kuficha jiwe moja mdomoni, mawili kwenye viatu, lakini kaburi halifunikwi kwa mawe matatu, na kesho yake ilikuwa ndiyo siku.

Bi. Hensley ni mtu mwema. Nalisema hili mapema, asije mtu akadhani namsimulia mbaya wangu. Hajawahi kunipandishia sauti, na mama alipougua alinipa dawa za kikohozi kutoka kabati lake. Mbele ya nyumba yake ana bustani ya maua, na maua hayo ameyazungushia mawe meupe, safu nne tano, yamepangwa vizuri. Aliyaokota yeye na watoto wake Jumapili baada ya Jumapili, nyuma ya uwanja wa gofu. Aliwahi kuniambia ufukwe ule ndio wenye mawe mazuri kuliko yote kisiwani. Nilimjibu kwamba ni kweli, ni mazuri. Miaka mitatu nimekuwa nikiyafagia.

Ijumaa ile nilisimama juu yake na ufagio. Nilimsikia mama waziwazi, Chukua tu, na nilimkasirikia. Yeye alikuwa ameshakufa. Alikuwa amemaliza kusimama getini, na mimi ndiye niliyekuwa na geti la Jumatatu nyingine mbele yangu. Niliingia ndani nikamkuta anapaka mikate siagi ya karanga.

"Bi. Hensley," nikasema, "naomba."

Nilimweleza kwa maneno machache kadiri nilivyoweza. Macho yake yakajaa machozi kabla sijamaliza.

"Jamani, Kiorina, si ungeniambia siku zote hizi? Chukua. Chukua yote."

"Kiasi tu kitatosha."

"Yote. Yalikuwa yamekaa tu."

Tulichuchumaa pamoja bustanini tukiyatia kwenye ndoo, yeye na glavu zake, mimi na mikono mitupu. Aliniuliza mama alikuwa anatoka sehemu gani. Nikamwonyesha kwa kidole, kule nyuma ya bendera za gofu. Alitazama kidole changu, akatazama mawe aliyokuwa ameyashika. Shingo ilimwiva. Kisha akaendelea kuokota, haraka haraka, na mimi nikaendelea. Kumwonea huruma nako kulikuwa kazi, na sikuwa na nguvu ya kazi nyingine.

Aliandika karatasi kwa mwandiko mzuri: mawe, ndoo moja, zawadi kutoka kwa familia ya Hensley. Akatia sahihi.

Nikasema asante. Nilisema kwa Kiingereza, naye akaniomba nimfundishe inavyosemwa kwetu. Nikamfundisha. Aliirudia mpaka akaipatia, na kila alipoikosea ilinibidi niiseme upya.

Getini Jelton aliisoma karatasi mara mbili, ingawa ni mstari mmoja. Bosi wake alisimama kando yake safari hii. Jelton akagonga muhuri, akanirudishia bila kuniangalia usoni.

"Zawadi," alisema.

"Ndiyo, zawadi."

Alininyanyulia ndoo mwenyewe mpaka ndani ya feri.

Jumamosi jioni ukoo wote ulikuwa makaburini, tumesimama kwa upande kwa kukosa nafasi, wengine miguu kwenye kaburi la jirani na kumwomba radhi. Mchungaji alisali. Kisha ndoo ikaletwa mbele, na mama mkubwa Hertina, ambaye ndiye wa kutandaza la kwanza, akachukua jiwe akaligeuzageuza kiganjani. Akalinusa. Akalifutia kwenye gauni.

"Ya kwetu haya," alisema. "Hata ningekuwa kipofu ningeyajua." Halafu akaniinulia macho. "Uliyachukua, au uliomba?"

Karatasi ilikuwa bado mfukoni mwa gauni langu jeusi. Nilikuwa nimeihamisha kutoka kwenye aproni, sijui kwa nini, labda nilitaka kumwonyesha mtu. Watu walikuwa wananisubiri. Nilijua nikisema niliomba atarudisha lile jiwe ndoani, atageuka aende zake, na mama atalala chini ya mchanga mtupu, huku nimemvunjia neno lake bure.

Jelton alikuwa upande wa pili wa kaburi, bado na sare ya ulinzi, kofia mkononi.

"Ameyachukua, shangazi," alisema. "Mimi ndiye niliyekuwa getini. Nimemwona akipita nayo."

Mama mkubwa alimtazama, akatazama ile sare, kisha akanitazama mimi. Sijui alichokiona. Aliinama kwa shida, mkono mmoja kiunoni, akaliweka jiwe kichwani pa kaburi.

"Neimok," akamwita mama kwa jina lake, "ya kwetu haya. Hayakuombwa."

Tukatandaza. Yalitosha, yakabaki na machache ya kuzungushia ukingo. Nililia hapo kwa mara ya kwanza tangu mama afe, nikalia mpaka Emlain akanishika mabega, na watu wakasema afadhali, mtoto amelia. Nilikuwa namlilia mama. Lakini zaidi nilikuwa nalilia ile asante, na jinsi nilivyoirudia ili yule mama wa watu ajue kuitamka.

Jumatatu nilikwenda kazini. Bi. Hensley alikuwa amepanda maua mapya mahali mawe yalipokuwa, akaniuliza kama shughuli ilikwenda salama, nikasema salama. Jioni kwenye foleni ya feri Jelton alifungua mkoba wangu, akaukoroga kwa mkono, kisha akainua madumu yangu moja moja na kuyatikisa. Bosi wake alikuwa mlangoni na gazeti lake.

"Maji tu," Jelton alimwambia. Kwangu akasema, "Pita, dada."

Nikapita.