Kisigino cha Bibi

Muuguzi alikuja na tabasamu na fomu, na bibi hakumwamini mtu anayekuja na vyote viwili kwa mpigo. Alimkaribisha kwa sababu mgeni ni mgeni, akamwonyesha kiti, kisha akarudi kwenye cherehani yake. Aliyemwita ni binti yake, mama wa mjukuu wake Kidoti, ambaye muda huo alikuwa zake kazini.

"Tunaangalia ukuaji tu, bibi. Watoto wote wa umri huu tunawapima."

"Hata wa jirani hapo chini?"

"Nimetoka kwake sasa hivi."

Bibi akavuta uzi wa cherehani. Fomu alizijua. Kaka yake aliandikwa "mzito", yaani wa akili, kwenye daftari la shule, siku moja tu, na neno hilo likamganda mpaka kaburini. Kidoti wake haandikwi na mtu.

Kidoti, miaka miwili na nusu, alikuwa amekaa sakafuni anapanga vifungo. Muuguzi akampa vipande vya mbao, naye akajenga mnara wa vipande saba.

"Umeona? Akili zinachemka," bibi alisema.

Muuguzi akaandika kitu. Bibi akanyoosha shingo, asiambulie hata herufi.

"Anasema maneno gani?"

"Mengi."

"Kama yapi?"

"Akitaka atasema. Haraka haraka haina baraka, mwanangu."

Muuguzi akapita nyuma ya mtoto, akapiga kengele ndogo. Kidoti akaendelea na vifungo vyake. Akapiga tena, karibu zaidi, na mtoto hata hakutikisa kichwa.

"Mkaidi huyo, kamrithi mama yake. Ngoja nikuonyeshe." Bibi akagonga kisigino kwenye sakafu ya mbao, kama alivyozoea. "Kidoti!"

Mtoto akageuka papo hapo, akacheka. Bibi akamtazama muuguzi kwa jicho la nimekushinda, lakini muuguzi alikuwa anatazama sakafu.

"Bibi, mwite tena. Safari hii inua miguu."

"Miguu na masikio wapi na wapi?"

"Tujaribu tu."

Mtego huu, bibi aliwaza. Hata hivyo aliinua miguu, akaita. Akaita kwa nguvu, mpaka jirani wa chini akaitika. Kidoti akaweka kifungo chekundu juu ya cheusi.

Bibi akaitazama miguu yake iliyo hewani. Shaka ya masikio ya mtoto alikuwa nayo tangu mwaka jana, akiificha hata kwa binti yake. Hakuita mara ya tatu. Alimkumbuka kaka yake. Kwao hakuna aliyemwita kwa mdomo tu. Walipiga teke mguu wa kitanda alichokalia, naye akaja mbio. Waliona ndivyo alivyo, wala hakuna aliyejiuliza.

"Utamwandika mzito?" aliuliza.

"Hapana, bibi. Naandika akapimwe masikio, wiki hii. Akili zake hazina neno. Na kwa umri huu kuna mengi ya kumsaidia."

Bibi alishusha miguu taratibu, sakafu isitikisike.

"Kaka yangu hakuwa mzito," alisema.

Muuguzi, ambaye hakumjua kaka huyo, alishika kalamu.

"Haya, andika," bibi akasema, huku machozi yanamtoka. "Halafu unisomee ulichoandika. Neno kwa neno."