Bei Aliyoifikiria Mwalimu Uhakika

Swali la kumi lilisema hivi: kalamu mbili na daftari tatu ni shilingi elfu moja na mia mbili. Kalamu nne na daftari sita ni elfu mbili na mia nne. Tafuta bei ya kalamu moja na ya daftari moja.

Mdogo wangu alifanya kama alivyofundishwa. Kalamu akaiita k, daftari d, akaandika milinganyo miwili, akazidisha wa kwanza kwa mbili ili k zilingane, akatoa. Kushoto ikabaki sifuri, kulia sifuri. Akarudia, yakawa yale yale. Mwisho akaandika chini, kwa mwandiko wake wa kubana: "Bei haziwezi kupatikana. Sentensi ya pili ni ya kwanza iliyozidishwa mara mbili."

Mwalimu wake akampiga mkasi mwekundu, alama ya kukosa, na kumpa sifuri.

Sifuri hiyo ilimwacha alama mbili chini ya mstari wa kuingia darasa la hesabu za juu, na swali lenyewe lilikuwa na alama mbili. Majina yangebandikwa saa nne asubuhi ile, na yakishabandikwa hayabanduliwi. Mama alikuwa zamu. Nikaenda mimi, mdogo wangu nyuma yangu.

Wanafunzi wanamwita mwalimu huyo Uhakika, kwa sababu hamalizi sentensi bila kusema ana uhakika. Nilimkuta ofisini kwa walimu, kajaa kitini kama amemwagwa humo, anapuliza chai. Kwenye meza ya pembeni Makamu wa mkuu wa shule alikuwa anagonga muhuri.

"Mzazi yuko wapi?" akauliza, macho kwenye kikombe.

"Kazini. Mimi ni dada yake."

"Dada umesoma nini?"

"Stashahada ya lugha."

Akacheka mpaka chai ikaruka. "Lugha! Mama, hapa tuna hesabu. Ngonjera peleka kule."

"Swali lako limeandikwa kwa lugha, mwalimu. Ndiyo maana nimeliona lilivyo."

Mdogo wangu akanivuta mkono. Nikamkonyeza atulie. Nikaweka karatasi mezani, nikamwuliza jibu lake ni lipi.

"Kalamu mia tatu, daftari mia mbili. Nina uhakika."

"Umelipataje?"

"Nimelipataje!" Akamgeukia Makamu, kama anayeomba shahidi wa matusi. "Mtu anamwuliza mpishi amepataje wali! Nilipanga bei, nikanunua kalamu mbili na daftari tatu, nikapata jumla ya kwanza. Kisha nikaongeza maradufu, nikapata ya pili. Namba zinakuja safi, hazina visenti visenti. Natunga hivyo tangu nianze kazi."

Alilisema hilo kwa majivuno. Sijapata kuona mtu akijifungia mlango kwa nje na kupiga makofi.

"Basi jaribu kalamu mia moja na hamsini," nikasema, "na daftari mia tatu."

Akaandika huku akinikejeli kwa nyusi. Kalamu mbili, mia tatu. Daftari tatu, mia tisa. Elfu moja na mia mbili. Nyusi zikashuka. Akajaribu ya pili: mia sita na elfu moja na mia nane. Elfu mbili na mia nne.

"Bahati," akasema.

"Jaribu kalamu mia nne na hamsini, daftari mia moja."

Hakujaribu. Makamu ndiye aliyejaribu, kwenye bahasha kuukuu, na muhuri ukakaa kimya.

"Mwalimu, hizi nazo zinakubali."

"Zinakubali, lakini siyo bei niliyoifikiria mimi!"

Ndiyo hiyo. Miaka yote hiyo watoto wa watu walikuwa wakidhani wanafanya hesabu, kumbe wanapiga ramli. Aliyekisia alichowaza bwana mkubwa akifikiria kalamu zake alipewa alama. Aliyetumia akili alipigwa mkasi.

"Waliopata mia tatu na mia mbili walipataje?" Makamu akauliza.

Uhakika akakohoa. Mdogo wangu akajibu kwa sauti ndogo, bila kumwangalia mtu: "Ni bei zile zile za mfano wa ubaoni, mwalimu. Walinakili."

Chumba kizima kikawa masikio. Mwalimu akasukuma kikombe pembeni, akavaa sura ya huruma, ile ya mtu anayekupa kiti chako mwenyewe.

"Sawa, mwanangu. Nitakusaidia hizo alama mbili. Umejitahidi."

"Hajajitahidi," nikasema. "Amepata."

"Dada, tosha," mdogo wangu akanong'ona. Kisha akanyoosha shingo, akamwambia mwalimu wake, "Shikamoo yangu unayo, mwalimu. Ila msaada siutaki. Kama nimekosa, niandikie nilipokosea. Kama nimepata, andika nimepata."

Uhakika akatazama ile karatasi muda mrefu, anatafuta kosa kama mtu anayetafuta miwani aliyoivaa. Hakuliona. Makamu akamnyooshea kalamu. Akafuta mkasi, akaweka tiki, ndogo kama mguu wa sisimizi, na mbili pembeni yake.

Makamu akaongeza jina chini ya orodha, akagonga muhuri, akaenda kubandika mwenyewe.

Tulikuwa tumefika mlangoni Uhakika alipopata tena sauti yake, akamlenga mdogo wangu.

"Usicheke sana, binti. Hesabu za juu nani anafundisha, unajua? Ni mimi."

Mdogo wangu akageuka, mpole kama maji ya mtungi.

"Najua, mwalimu. Nitakaa mbele."